Muulize Ami wa Michezo: Wale majabali watano

SWALI: Salaam aleikum Ami. Kijana wangu wa miaka 19 ni mtu wa miraba minne, abeba saruji pale gatini. Siku hizi hana lingine ila kutazama mpira wa Marekani kwenye simu, na asema ataka kuwa mmoja wa wale majabali watano wa mbele. Nimetazama naye, mpira wenyewe hawaupati! Ni kazi hiyo?
Mama wa Langoni, Lamu

JIBU: Waaleikum salaam Mama. Kazi ni kazi, tena kijana wako ana jicho. Wengi humtazama mrushaji tu. Yule wa katikati huupitisha mpira nyuma kati ya miguu yake, basi. Baada ya hapo wote watano ni kumlinda mrushaji asiangushwe. Mrushaji wa mkono wa kulia huupa mgongo upande wa kushoto, kwa hivyo jabali la pembeni kushoto ndilo linalomlinda asikokuona. Mtazame miguu: hurudi kinyumenyume kwa hatua fupi, makalio chini, viganja kifuani mwa adui. Akimkamata jezi na kumzuia asipite, refa akiona, timu yarudishwa yadi 10.

Nimpendaye mimi ni Joe Thomas wa Cleveland Browns. Mwaka 2007, siku wachezaji wapya wakichaguliwa, wenzake walivaa suti New York. Yeye alikuwa mashuani na babake, wakivua Ziwa Michigan. (Huyo angeishi Lamu bila taabu.) Kisha timu yake ikianzisha mashambulizi mara 10,363 mfululizo, hakukosekana uwanjani hata mara moja, mpaka msuli wa mkono ulipokatika 2017. Msimu huo Browns walifungwa mechi zote 16. Kombe hakuligusa, lakini 2023 aliingizwa katika jumba la magwiji wa mchezo huo, Canton.

Pesa zipo: walio bora hulipwa mamilioni ya dola kwa msimu. Lakini mikataba mingi haina uhakika wote, na magoti hayana spea. Hata kula ni kazi. Wengi wao hupita kilo 135, na Thomas alipostaafu alianza kwa kupungua.

Njia? Jordan Mailata alikuwa mcheza raga wa Australia. Philadelphia Eagles walimchukua 2018 hajacheza mechi hata moja ya mpira huo. Februari 2025 alitwaa ubingwa, nami huku Malindi nikikodoa macho tangu saa nane na nusu usiku. Mkenya Daniel Adongo naye alitoka kwenye raga akaingia Indianapolis Colts 2013, ingawa yeye alikuwa upande wa kuzuia mashambulizi, si miongoni mwa wale watano.

Basi aanze na raga, Mombasa ipo. Kabla ya nauli, mpeleke ufuoni Shela na rafiki mwenye nguvu kama zake. Ainame, arudi kinyumenyume huku akisukumwa. Akisimama imara mpaka yule achoke, niandikie tena.