Simba na simha: si ndugu

Salaam, ndugu wa Tukuyu. Umeuliza kama "simba" limetokana na "simha", yaani simba kwa Kisanskriti, lugha ya kale ya India, ile iliyozaa majina Singh na Singapore. Hapana. Usiishie kwenye kufanana kwa sauti. Anza na lugha za Kibantu. Kishona husema "shumba". Kizulu kina "insimba", ila huyo ni kanu, yule mnyama mdogo mwenye madoadoa na mkia wa pingili! Mzizi ni wetu, ila maana yake ndiyo imehama. Nayo "ingalamu", simba kwa Kinyakyusa chenu, ilinganishe na "inkalamo" ya Kibemba, hapo ng'ambo ya Tunduma.

Kama unatafuta jina la mtoto lenye maana ya simba, Usama na Haydar ni simba kwa Kiarabu. Jina "Leo" ni simba kwa Kilatini.