Mnaouliza kama piano huku ughaibuni inalipa

Haya wadau, swali limerudi tena na safari hii limekuja na maneno makali kidogo, "uko majuu miaka yote hiyo unapiga piano, mbona hatuoni hela wala jina, na kila picha umekaa nyuma ya wenye fidla?" Sawa, leo najibu bila kupaka rangi.

Mimi napiga muziki wa chemba, ile klasiki ya watu wachache, trio ya watu watatu, kwarteti ya wanne, kwinteti ya watano, kila mtu na sehemu yake na hakuna kondakta wa kusimama mbele kutuongoza. Hela ya shoo ikija inagawanywa sawa kwa sawa, tukiwa watano ni mafungu matano, na hapo nauli ishakula chake. Nani kapiga noti nyingi haiangaliwi, na mwenye noti nyingi karibu kila mara ni mpiga piano. Chukua kwinteti ya mtunzi Schumann ya 1842, wenzako wanapokezana wanapumua, wewe umo tu toka mwanzo mpaka mwisho. Kwa hiyo shoo peke yake kwangu hailipi kodi ya nyumba. Kodi inalipwa na kufundisha watoto wa watu, kusindikiza wanafunzi kwenye usaili wao, na kupigia piano madarasa ya dansi ya baleti asubuhi ambako mwalimu anakukatisha kila ukianza kunoga. Hilo ndo boksi langu, wengine wanabeba ghalani mie nabeba kwa vidole.

Karatasi nazo. Wa uhamiaji anataka kuona mikataba ya mbele na kipato kinachoeleweka, sasa msanii wa kujitegemea mwezi huu kalenda imejaa, mwezi ujao hola, hapo ndo usingizi unakata.

Halafu kuna hili ambalo watu hawalisemi kabisa, mwenye fidla anasafiri na fidla yake, wewe unakuta piano ya watu. Zile kubwa za ukumbini zinakaribia nusu tani, utaibeba wapi? Unapewa muda kidogo wa kuizoea, basi, hapo hapo onyesho. Kuna ukumbi nilikuta pedali ya kulia inalia kwii kila nikiikanyaga, na tulikuwa na trio ya mtunzi Schubert, ile ya ufunguo wa Mi bemoli, kwenye sehemu ya pili selo, ile fidla kubwa ya sauti nzito, inaanza kuimba peke yake na piano chini inatembea polepole, sasa kila hatua na kwii yake. Mwenye selo ananitupia jicho la pembeni. Nikamaliza sehemu nzima nakanyaga robo robo kwa ncha ya kiatu, jasho linatoka, na watu wakapiga makofi kama kawaida.

Lakini mkiniuliza kama nipo tayari kubadilisha niwe napiga peke yangu, hapana. Huwezi kuelewa mpaka uwe umekaa pale ukamwangalia mwenye fidla anavyovuta pumzi kabla upinde haujagusa uzi, unaingia na ile pumzi, maana ukisubiri usikie sauti umeshachelewa. Noti ya piano ukishaigonga inaanza kufa, ya fidla inaweza kukua, kwa hiyo muda wote unapima uache nafasi kiasi gani. Ukipiga kwa nguvu zako zote unawazika wenzio. Ugomvi upo, mnaweza kumaliza mchana mzima mnabishania mwendo wa mistari miwili, na mbaya zaidi ni pale mmoja anapopata orkestra yenye mshahara akaondoka, kikundi kinakufa hivi hivi na huna wa kumlaumu.

Kuhusu jina, mfahamuni mpiga piano Menahem Pressler. Alizaliwa Magdeburg 1923, familia ya Kiyahudi, wakakimbia Ujerumani ya Wanazi 1939, baadaye akaenda Marekani na 1955 akaanza na Beaux Arts Trio. Wenye fidla na selo walibadilika yeye akabaki hadi trio ilipofungwa 2008. Zaidi ya miaka hamsini kwenye trio moja, na kati yenu mlioniuliza nadhani wachache sana mnamjua. Mimi hilo halinisumbui, nyie ndo linawasumbua.

Sasa yule mdogo wangu aliyeuliza aje au asije. Kama unataka ustaa, usije kwa njia hii. Kama unataka kuja kusoma, usinitumie video unapiga peke yako haraka haraka, tafuta mwenye fidla na mwenye selo hapo hapo ulipo, chukueni trio za mtunzi Haydn, selo mara nyingi inafuata mkono wako wa kushoto kwa hiyo mtasikilizana mapema. Mkirekodi, simu iwekeni mwisho wa chumba, msiweke juu ya piano, maana ukiiweka hapo utajisikia mwenyewe tu na utadhani mmepiga vizuri.