Umepigwa goti kwa ndani, maumivu yako nje? Usichuliwe kabla ya kupimwa

Dogo wa Nkuhungu, kesho asubuhi usiende kwa huyo mzee wa kuchua. Nimesoma ulichoandika mara mbili na mwili umenisisimka. Umesema Jumapili kwenye ndondo umepigwa buti goti kwa ndani, ukasikia "ta!" upande wa nje, eksirei ikatoka mfupa mzima, na sasa unauliza dawa ya maumivu, unauliza ni nini hasa kimeumia, na kama utawahi nusu fainali.

Mimi nilikuwa wewe kabisa, uwanja wa vumbi pale Chang'ombe, miaka minne iliyopita.

Mwambie mwenzako mzima akae kwenye stuli, apandishe kifundo cha mguu mmoja juu ya goti la pili, mguu ukae kama namba nne. Pitisha kidole kwenye goti lililopinda, upande wa nje, utakuta kamba imekaza kama waya wa kuanikia nguo. Hiyo ndo kano ya nje ya goti, yaani kamba inayofunga mfupa na mfupa, na ndo ninayohofia imeumia kwako. Imeanzia kwenye nundu ya mfupa wa paja imeshuka mpaka kwenye kichwa cha ule mfupa mwembamba wa muundi, fibula. Kazi yake kuzuia mguu usikae matege. Ukipigwa kwa ndani goti linasukumwa nje, kano hiyo ndo inavutwa. Ikivutika kidogo inapona yenyewe ukitulia wiki kadhaa, lakini ikikatika kabisa mara nyingi haikatiki peke yake, inaondoka na wenzake wa nyuma ya goti au zile kano za katikati. Na eksirei inaonyesha mfupa, kano haionekani pale, kwahiyo huyo aliyekwambia "mfupa mzima, nenda nyumbani" amekujibu nusu. Mimi niliambiwa hivyohivyo, neno kwa neno, na mtu ambaye hata goti hakulishika.

Sasa sikia nilichofanya. Mchua misuli wa timu yetu akaniambia mshipa umekaa vibaya, anaurudisha siku tatu tu. Siku tatu zikawa tisa. Maji ya moto yenye chumvi, mafuta, halafu kidole gumba kinasaga palepale chini ya kichwa cha fibula, mimi nimeng'ata taulo, yeye anasema maumivu ndo dalili mshipa unarudi. Aisee, mtu yule mikono yake ingefaa sana kukanda unga wa chapati, abaki huko huko! Pale alipokuwa anasaga inapita neva, imezunguka shingo ya mfupa chini tu ya ngozi, na ndo inayonyanyua unyayo wako. Hakuna aliyeniambia. Siku ya kumi akanifunga bandeji nikaingia uwanjani, nikageuka na mpira, hakuna aliyenigusa, goti likafunguka upande wa nje kama mlango.

Bado nikarudi kwake. Hilo ndo linaniuma mpaka leo.

Wiki iliyofuata natoka bafuni, kandambili ya mguu wa kushoto inabaki nyuma. Narudi, naivaa, hatua mbili imebaki tena. Mke wangu akasema mbona mguu unapiga sakafu pa, pa, pa. Najaribu kunyanyua kidole gumba juu, kimelala tu nakiangalia.

Nilipofika kwa daktari wa mifupa ilikuwa wiki ya saba. Akalikunja goti kidogo, kama nyuzi 30, mkono mmoja ameshika paja, mwingine anasukuma kifundo kwenda ndani, nje pakaachia. Akalinyoosha kabisa akarudia, pakaachia tena, akasema hapo kuna zaidi ya kano moja. Akaniuliza umeumia lini. Nikamwambia. Akanyamaza, halafu akasema ungekuja ndani ya wiki mbili tatu tungeishona ileile yako, sasa imesinyaa na kovu limejaa, itabidi tukate kano nyuma ya paja tupandikize. Pikipiki yangu ikauzwa. Magongo miezi, fizio karibu mwaka, neva imerudi nusu, bado nikichoka kidole kinaburuza.

Kwahiyo upande wa nje wa goti asiuguse mtu mpaka daktari wa mifupa amelisukuma hivyo, likiwa limekunjwa na likiwa limenyooshwa, na mwambie kwa mdomo wako "nipime kano za nje". Akitaka MRI, kipimo cha picha kinachoonyesha kano, fanya. Mpaka hapo tumia magongo, weka barafu juu ya kitambaa ila usiigandishe pale kwenye neva, na maji ya moto hapana.

Leo ni siku ya nne tu, una muda mimi sikuwa nao. Vua kiatu sasa hivi, kaa, vuta unyayo na kidole gumba vije juu usoni kwako, halafu niandikie hapa hapa kama vimekuja. Vikigoma usisubiri hata kesho, usiku huuhuu tafuta usafiri uende hospitali.