Je, Sugiko alikosea kuondoka?

SWALI: Nimetazama filamu bubu ya Kijapani iitwayo Kagirinaki Hodo, ya mwaka 1934. Mke, Sugiko, anaondoka kwa wakwe zake, na hata mumewe alipokuwa mahututi hakumwomba mavyaa wake radhi. Je, kwa desturi za huko hakukosea? Na mbona haina sauti, ilhali Marekani walikwisha kuziacha filamu za aina hiyo? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Nianze na la pili, maana ni jepesi. Japani filamu bubu haikutazamwa kimyakimya. Kando ya pazia alisimama msimulizi, yaani benshi, aliyewasemea waigizaji wote, na wapo waliolipa kiingilio kwa ajili ya kumsikia yeye. Kwa hiyo, ingawa filamu ya sauti ilifanikiwa huko mwaka 1931, kampuni ya Shochiku iliendelea na zile bubu kwa miaka kadhaa, na hii ndiyo ya mwisho ya aina hiyo kwa mwongozaji Naruse Mikio.

Kuhusu Sugiko, ukifuata Sheria ya Kiraia ya mwaka 1898, mke aliingia katika nyumba ya mumewe na kuwa chini ya mamlaka ya mkuu wa nyumba hiyo, na jamii ilimtarajia avumilie. Kwa kipimo hicho, alikosea. Lakini Wajapani husema pia kwamba giri, yaani wajibu, huvutana na ninjo, yaani hisia za moyo, na Naruse anamwonyesha aliyeshindwa yote mawili: Hiroshi, kijana wa ukoo wa kitajiri, aliyemwoa Sugiko, mhudumu wa mkahawa wa Ginza, mtaa wa Tokyo, kwa mapenzi, kisha akanyamaza mama yake na dada yake walipomdharau mkewe ndani ya nyumba ileile. Mimi namlaumu yeye kuliko mavyaa, ambaye walau hakuficha chuki yake.

Tazama tena ile sehemu ya hospitalini, baada ya Hiroshi kupata ajali ya gari. Sugiko anawaambia mavyaa na wifi, mbele ya kitanda cha mgonjwa, kwamba hawakumpenda Hiroshi, bali walilipenda jina la ukoo. Mwanamke anayetamka hayo hajapuuza wajibu; anawauliza wenzake wao waliutimiza kwa nani.

Wala hapati tuzo kwa uamuzi wake. Anarudi Ginza kuhudumia wateja kama zamani, na mchumba wake wa awali anapita tu ndani ya basi.