Kwa mnaoanza kusoma mikataba ya manowari: tani kwanza, amani baadaye

Wiki hii nimeikuta tena ile sentensi. Imo kwenye rasimu ya pendekezo la utafiti, imeandikwa kwa kujiamini kabisa: Mkataba wa Washington wa 1922, ule wa kupunguza silaha za majini, uliiruhusu Marekani kuwa na meli tano, Uingereza tano na Japani tatu. Meli tano, jamani! Marekani nzima, yenye pwani kwenye bahari kuu mbili, ijilinde kwa meli tano kama vile ni vivuko vya Kigamboni. Nilicheka, kisha nikakasirika, maana sentensi hiyohiyo niliisoma mwaka jana kwenye kazi ya mtu mwingine. Basi naandika haya mara moja, ili siku nyingine nimtumie mtu kiungo nikalale.

Wadogo zangu, sitaeleza Versailles ilikuwa nini. Hayo mlishafanyia mtihani.

1. 5:5:3 ni uwiano wa tani, tena tani za manowari kubwa, zile zenye mizinga mikubwa kuliko zote. Marekani na Uingereza kila moja 525,000, Japani 315,000, Ufaransa na Italia kila moja 175,000. Meli za kubeba ndege zina ukomo wake: 135,000 kwa wakubwa wawili, 81,000 kwa Japani, 60,000 kwa wawili wa mwisho. Kruza, yaani meli za kivita za ukubwa wa kati, hazikuwekewa jumla. Kila moja ilitakiwa tu isizidi tani 10,000 na mizinga ya inchi 8. Kwa hiyo kila mtu alikwenda kujenga kruza za tani 10,000 zenye mizinga ya inchi 8. Andika hayo, bandika ukutani, tuendelee.

2. Uliza: tani gani?

Hapa niwe mkweli, kwa sababu hapa ndipo nilipoumia. Nikiwa nasoma shahada ya uzamili nilitengeneza jedwali. Safu ya kushoto ilikuwa na ukomo wa mkataba, tani 35,000 kwa manowari kubwa moja. Safu ya kulia ilikuwa na uzito wa meli zenyewe, nilioutoa kwenye kitabu cha takwimu za meli nilichokiona kimeshiba namba, nikakiamini. Nikafika kwa Nelson na Rodney, manowari mbili ambazo Uingereza iliruhusiwa kuzijenga baada ya mkutano. Kitabu kinasema 38,000 hivi. Nikasimama. Nikaangalia tena. Waingereza, waliotia saini mkataba na kuuhubiri, walikuwa wameuvunja kwa tani elfu tatu!

Sijawahi kuandika kwa raha kama wiki zile. Sura nzima niliiita "Unafiki wa Uingereza". Mtu aliyekulia nchi iliyotawaliwa na hao wazee akiwakamata kwenye namba zao wenyewe, hata usingizi hauji. Na hapo ndipo kosa lenyewe lilipolala: jibu lilikuwa tamu mno hata sikulikagua. Kama kitabu kile kingeniambia Waingereza walitii, ningekwenda kukilinganisha na vitabu vingine vitatu.

Siku ya semina nikawasilisha. Nikasoma namba zile taratibu, nikinyamaza kidogo baada ya kila moja, kama mwendesha mashtaka. Nyuma alikaa mzee mmoja mgeni, fundi mstaafu wa mitambo ya meli, aliyekuja kwa sababu alikuwa rafiki wa msimamizi wangu. Akanyoosha mkono, akauliza kwa upole: "Mwanangu, tani hizo ni na mafuta au bila mafuta?" Mimi, kwa kiburi cha mwenye jedwali, nikamjibu: "Tani ni tani, mzee."

Ukumbi ulicheka. Nikadhani wanamcheka yeye.

Mkataba wa Washington ulitunga kipimo chake: tani sanifu. Meli inahesabiwa ikiwa imekamilika, ina watu, mizinga, risasi, chakula na kila kitu cha kwenda nacho vitani, isipokuwa mafuta na maji ya akiba ya boila. Zile 38,000 zangu zilikuwa za meli iliyojaa mafuta. Kwa kipimo cha mkataba, Nelson ilikuwa chini ya 34,000. Waingereza walikuwa wametii na bado wana nafasi. Sura yangu ilikufa palepale, mzee akiendelea kueleza kwa upole uleule, jambo lililoniuma kuliko kama angenifokea.

Kilichofuata kiliniuma zaidi, ila kilinifundisha. Nilijiuliza kwa nini mafuta yaliachwa nje. Mtu anayetoka pwani ya Marekani kwenda Ufilipino anahitaji mafuta mengi tumboni mwa meli. Mtu mwenye bandari za kujazia kutoka Gibraltar hadi Hong Kong hahitaji mengi hivyo. Mafuta yangehesabiwa, Mmarekani angeadhibiwa kwa upana wa Pasifiki. Yaani ugomvi mzima wa nani yuko mbali na nani ulikuwa umekaa ndani ya ufafanuzi ambao mimi niliuruka kwa sababu ulikuwa na harufu ya uhandisi. Jedwali lilelile, kwa taarifa yenu, lilichanganya pia tani ya Kiingereza, yenye kilo 1,016, na tani ya metriki. Msimamizi hakuandika maoni marefu. Alizungushia safu ya kulia kwa kalamu nyekundu, yote.

Na nilipokuwa nawashitaki wasio na hatia, wenye hatia walinipita. Kruza za Italia za daraja la Zara zilitangazwa kuwa tani 10,000 huku zikizidi 11,000 kwa kipimo cha mkataba. Mwaka 1936 mojawapo, Gorizia, ilipata mlipuko Tangier ikaingizwa Gibraltar kutengenezwa, na Waingereza wakapata nafasi ya kuona uzito wake halisi. Wajapani walitangaza kruza za Mogami kuwa tani 8,500 zikiwa na mizinga kumi na mitano. Mwenye macho alitakiwa kuguna. Bismarck ya Wajerumani ilisemwa 35,000, ikawa zaidi ya 41,000. Mkitaka kuandika kuhusu udanganyifu, mali ipo tele. Isakeni kwa kipimo sahihi.

3. Kato ni wawili.

Mmoja wenu, hatumtaji, anajijua, aliandika kwamba Kato wa Japani alikubali asilimia 60 ya tani za Marekani ingawa alipinga vikali asilimia 60. Nilimuuliza huyo ni mtu wa namna gani. Kato Tomosaburo alikuwa Waziri wa Jeshi la Majini na kiongozi wa ujumbe wa Japani Washington. Aliona kwamba Japani haiwezi kushindana na Marekani kwa fedha, akakubali 60, na mwaka 1922 akawa waziri mkuu. Kato Kanji alikuwa mtaalamu mkuu wa kijeshi katika ujumbe huohuo, na alitaka 70 bila kupungua. Hesabu yake haikuwa ya heshima tupu kama mnavyopenda kuandika. Wapangaji wa vita wa Japani waliamini adui anayevuka Pasifiki anahitaji kuwazidi kwa nusu nzima, hivyo mwenye 70 anajilinda na mwenye 60 hawezi.

Tomosaburo alifariki 1923. Kanji akabaki, na mwaka 1930, ulipokuja mkutano wa London wa kuziwekea ukomo kruza na meli nyingine ndogo, ndiye alikuwa mkuu wa makao makuu ya jeshi la majini. Someni London kwa macho hayo. Kwa jumla Japani ilipata karibu asilimia 70, na kwenye nyambizi ikapata usawa kamili, tani 52,700. Tatizo lilikuwa kruza nzito: Marekani 18, Japani 12. Seneta Reed wa Marekani na Balozi Matsudaira wa Japani walipata suluhu iliyokaa kwenye ratiba: Marekani ingechelewesha kruza zake tatu za mwisho, ili kwa muda wa mkataba Japani isiwe chini ya 70 kwa meli zinazoelea. Ni kazi ya ufundi mzuri sana. Tokyo haikuridhika. Waziri Mkuu Hamaguchi alishambuliwa kwa kuidhinisha mkataba bila ridhaa ya makao makuu ya jeshi, Kanji akajiuzulu, na tarehe 14 Novemba 1930 Hamaguchi akapigwa risasi kituo cha treni cha Tokyo. Aliugulia majeraha hayo hadi akafa mwaka uliofuata. Baada ya hapo msiniandikie tena "Japani ilitaka". Japani yupi?

4. Telegramu zilizodukuliwa. Ni kweli, ofisi ya Herbert Yardley, mvunja siri wa Marekani, ilisoma mawasiliano ya Tokyo, na ile ya 28 Novemba 1921 ilionyesha Japani iko tayari kushuka hadi 60. Inasaidia kueleza kwa nini Hughes, Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, hakulegeza. Haielezi kwa nini Tokyo iliandika telegramu hiyo.

5. Msiruke Geneva.

Mnaruka mkutano wa Geneva wa 1927, ulioitishwa kuziwekea ukomo kruza, kwa sababu haukuzaa mkataba. Mimi ningeanzia hapo. Ufaransa na Italia hazikushiriki, wakabaki Wamarekani, Waingereza na Wajapani, na waliogombana ni wale wawili waliotarajiwa kupatana. Uingereza ilisema inahitaji kruza 70 kulinda njia za biashara, nyingi ndogo, za mizinga ya inchi 6. Marekani, isiyo na bandari za kujazia njiani, ilitaka chache kubwa, za inchi 8. Mnaona yale mafuta yanarudi? Pembeni alikuwepo bwana mmoja, William Shearer, akiwalisha waandishi wa habari maneno ya kuuchafua mkutano. Mwaka 1929 aliyashitaki makampuni ya kujenga meli kwamba hayakumlipa ujira wake wote, na hivyo ndivyo dunia ilivyojua nani alikuwa amemtuma. Nikiwa na huzuni huwa nasoma habari za kesi hiyo. Mtu anakwenda mahakamani kudai malipo ya hujuma!

Mwaka huohuo Waziri Mkuu wa Uingereza, MacDonald, alimtembelea Rais Hoover wa Marekani, Uingereza ikashuka kutoka kruza 70 hadi 50, na mlango wa London ukafunguka.

6. Vidogo, kwa haraka. Chamberlain hakuwa waziri mkuu mwaka 1935. Mkataba wa Uingereza na Ujerumani wa 18 Juni, ule wa kuiruhusu Ujerumani asilimia 35 ya tani za Uingereza, ni wa serikali ya Baldwin. Ufaransa ilichukia kuliko yote kulinganishwa na Italia, anzieni hapo mnapoieleza. Kifungu cha 19 cha Mkataba wa Washington, cha kutoongeza ngome Ufilipino, Guam na Hong Kong, kisomeni pamoja na 5:5:3, maana ndicho Japani ilichopewa ili ikubali 3. Na angalieni kwamba Singapore na Hawaii hazimo. Meli za tani 600 kushuka chini hazikuhesabiwa baada ya 1930, kwa hiyo Wajapani walirundika silaha kwenye vimeli vidogo, na Machi 1934 kimoja, Tomozuru, kikapinduka kwenye dhoruba.

7. Msianzie 1941, Japani ilipoishambulia Marekani, mkarudi nyuma. Mkijua mwisho, kila mjumbe wa 1922 anaonekana mjinga, na hawakuwa wajinga. Ukiacha Nelson na Rodney, walisimamisha ujenzi wa manowari kubwa kwa miaka kumi, London ikaongeza hadi 1936, na walipakodi wa nchi tatu wakapumua.

Ila gharama yake ipo, na sehemu yake ilitia nanga kwetu. Aprili 1942 ndege za Kijapani zilizamisha Cornwall na Dorsetshire za Uingereza kusini mwa Ceylon, Sri Lanka ya leo, kruza mbili za mkataba, za tani 10,000 na inchi 8. Baadhi ya ndege hizo ziliruka kutoka Akagi, iliyoanza kujengwa kama manowari kubwa na kugeuzwa ya kubeba ndege kwa ruhusa ya Washington. Admirali Somerville, mkuu wa meli za Uingereza Bahari ya Hindi, alikuwa na manowari nne kongwe za daraja la R, zilizokamilika katika Vita vya Kwanza, ambazo zilikuwa bado kazini kwa sababu kwa miaka yote ile Uingereza haikuruhusiwa kujenga za kuzirithi. Aliziondoa njiani mwa Wajapani, akazipeleka Kilindini. Wasoma telegramu za siri nao wakahamia Mombasa, kwenye jengo la shule ya Allidina Visram.

Mnaniletea mapendekezo kuhusu mabavu ya Hitler, na meli hizo zilikaa Kilindini. Anayetaka mada aichukue: majalada ya Admiralty, wizara ya jeshi la majini la Uingereza, yako Kew, London, ya Jimbo la Pwani yako Hifadhi ya Taifa Nairobi. Aanze na ya Nairobi, nauli ni nafuu.