Wadogo zangu mnaosimulia mlima mbele ya kamera

Jumamosi iliyopita nilisimama karibu na kivuko cha Kamanga, hapa Mwanza, nikiwatazama vijana wetu watatu wakirekodiwa mahojiano ya majaribio, Jiwe la Bismarck likionekana nyuma yao, na kila mmoja akieleza alivyonusurika kifo Kilimanjaro. Upepo wa ziwa ulikuwa ukipiga moja kwa moja kwenye maikrofoni na hakuna aliyejali. Nilitaka kucheka, nikakumbuka ya kwangu, nikanyamaza.

1. Betri hulala nawe ndani ya mfuko wa kulalia, na kamera iliyotoka kwenye baridi hufungwa kwenye plastiki kabla ya kuingizwa hemani, la sivyo lenzi itajaa ukungu.

2. Taja mahali na saa kabla ya kutaja hofu. Anayejua kwamba mlitoka kambi ya Barafu, mita 4,673, saa sita usiku, ataikadiria baridi mwenyewe.

3. Msijipe ushujaa wa wenzenu. Mara yangu ya kwanza kuhojiwa kwa ajili ya filamu ya makala, nikiwa mwongoza wageni msaidizi mlimani, nilisimulia nilivyomshusha mgeni aliyezidiwa Stella Point, ukingoni mwa kreta, mita 5,756, akiyumba kama mlevi, jambo ambalo kila mmoja wenu anajua kuwa ni dalili ya ubongo kuvimba na kwamba dawa yake ya kwanza ni kushuka. Yote yalikuwa kweli isipokuwa neno moja: "nilimshusha". Tangu Barafu kichwa kilikuwa kikinigonga, nikameza dawa ya maumivu kimyakimya kwa kuogopa kurudishwa (kukulia Mwanza, mita zaidi ya 1,100 juu ya usawa wa bahari, hakumpi mtu kinga yoyote), na tulipofika Stella Point nilitapika nyuma ya jiwe. Mgeni alianza kuyumba muda mrefu kabla ya hapo, lakini sikumwona, kwa kuwa nilikuwa nikihangaika na miguu yangu mwenyewe. Aliyemwona ni mgumu mmoja, yaani mpagazi wa mlimani, mtu wa Ukerewe. Alimkamata mgeni mkono, mimi akanishika ukosi wa koti, akatuteremsha sote wawili kwenye changarawe huku akituhesabia hatua kwa Kikerewe. Katika filamu hayumo hata kivuli chake.

Baadaye filamu hiyo ilioneshwa kwenye kibanda umiza kimoja cha Kirumba, na mgumu yule alikuwa ameketi benchi la mbele yangu, sato wa kukaanga mkononi, kwenye kipande cha gazeti. Sehemu yangu ilipofika aliacha kutafuna. Taa zilipowashwa akageuka, akanitazama, akasema kwa upole, "Kumbe ulikuwa peke yako, mdogo wangu."

4. Kabla ya kurekodiwa, mkabidhini mtayarishaji orodha ya kikosi kizima, mpishi akiwemo.

Kijana wa tatu pale Kamanga alisema "mimi" mara kumi na tisa kabla sijaacha kuhesabu. Jumamosi hii tutarudia, nyuma ya ukuta, mbali na upepo.