Kuandika skripti ya filamu ya bajeti ndogo Kigoma

Filamu ya bajeti ndogo huharibikia kwenye skripti kabla kamera haijakodiwa. Mwandishi ndiye anayepanga gharama, hata kama hashiki hela.

Mwaka 1919 huko Marekani, mwandishi Oscar Micheaux aliigeuza riwaya yake kuwa filamu baada ya kampuni iliyoitaka hadithi hiyo kukataa aiongoze mwenyewe. Aliuza hisa kwa wakulima, akaitengeneza. Kikundi cha Ujiji au Mwanga, Kigoma, kisicho na mfadhili kina nguvu hiyohiyo: hadithi ni yake.

Ukurasa mmoja wa skripti iliyopangwa vizuri ni kama dakika moja ya filamu. Kamera moja inamaliza kurasa 3 hadi 5 kwa siku, kwa hiyo kurasa 20 ni siku 4 hadi 7 za nauli, chakula na kodi ya vifaa. Kuhama lokesheni, yaani mahali pa kushutia, kunakula saa nzima au mbili za kufunga vifaa na kuvipanga upya. Ukibana sini 12 (vipande vya hadithi, kila kimoja mahali pamoja na wakati mmoja) kwenye lokesheni 3, siku nzima imeokoka.

Tuseme umeandika hivi: polisi wanamfukuza mvuvi usiku ziwani, boti tatu, mtu anazama. Hiyo inadai mafuta, taa kubwa, maboya na waogeleaji. Iandike upya:

NJE. MWALO WA KIBIRIZI. ALFAJIRI.
Mtumbwi unafika. Mwanamke anahesabu karabai zinazoshushwa: moja, mbili, tatu.
MWANAMKE: Shemeji, ya nne iko wapi?
Shemeji anaendelea kukunja wavu.

Mtumbwi mmoja, waigizaji wawili, na mtazamaji ameshajua kuna mtu hakurudi. Sini kama hii ndiyo kazi halisi ya mwandishi, na hakuna kamera ya bei kubwa inayoweza kuifanya kwa niaba yake.

Maneno hapo ni machache kwa makusudi. Upepo wa ziwa na injini za maboti humeza sauti, hasa kwa maiki iliyo juu ya kamera. Mazungumzo marefu yapeleke ndani ya nyumba, lakini masika kumbuka bati: mvua ikianza, hakuna linalosikika. Ukitaka wavuvi wa dagaa halisi na taa zao, usipange wiki ya mbalamwezi, kwa sababu hawaendi ziwani.

Kigoma iko magharibi kabisa, jua linazama kwenye saa 1 jioni, na baada ya hapo mwanga unaofaa haufiki nusu saa. Sini ya machweo isizidi nusu ukurasa. Ikizidi, uso wa mwigizaji utakuwa na rangi moja mwanzoni na nyingine mwishoni, na mhariri hawezi kuficha.

Mazungumzo yasomwe kwa sauti na wasanii wenyewe, huku simu ikipima muda. "Je, umeshakula chakula cha mchana?" huwa inajikata yenyewe na kubaki "Umekula?"

Kibali cha kushuti kinaombwa Bodi ya Filamu, na skripti huambatanishwa, kwa hiyo imalize mapema. Kila ukiibadilisha, andika tarehe mpya juu ya ukurasa wa kwanza na ukusanye nakala za zamani zote. Wasanii wawili wakija na matoleo tofauti, asubuhi nzima inaishia kwenye kubishana nani aseme nini.